"Leo tunakula bata": maneno matatu kutoka Fairfield yaliyotaka kuvunja ukoo

Ujumbe wenyewe ulikuwa mfupi: "Leo tunakula bata. Karibuni." Chini yake picha moja: meza ndefu uwani, sinia kubwa limefunikwa karatasi ya foili, watoto wanne wanacheka, na baba yao kanyanyua kidole gumba. Ulitumwa Jumapili mchana kutoka Fairfield, magharibi ya mji wa Sydney. Saa hiyo Maskati watu ndiyo kwanza wanateremsha birika la chai, na Dar es Salaam wengine hata hawajaamka.

Kundi la ukoo huu kwenye WhatsApp lina watu wa Mabela, Salala, Dubai, Unguja, Dar es Salaam, London na hao wa Australia. Wiki hizo lilikuwa na kazi moja tu, mchango wa ami yao mkubwa aliyevunjika nyonga na kutakiwa operesheni. Kila nyumba ilipangiwa fungu lake. Siku chache kabla ya picha ile, kijana wa Fairfield alikuwa ameomba asubiriwe, kwa kuwa ghala analofanyia kazi limempunguzia zamu. Wakubwa wakamwambia, hapana neno mwanetu, Mungu atakufungulia.

Mara bata huyo.

Wa kwanza kujibu alikuwa bibi, kwa ujumbe wa sauti kutoka Mabela, baada ya sala ya alfajiri: "Mashallah, mashallah. Mumechinja wenyewe? Mumemtia nazi au mumemkausha?" Wa pili alikuwa binamu wa Dar es Salaam, kwa maandishi: "Kumbe pesa ya ami hamna, ya bata ipo." Wa tatu akatia vichekesho vya uso. Wa nne akaandika kwamba wengine wanauza dhahabu zao watu wapone, na wengine wako Ulaya wanatanua. (Australia si Ulaya, lakini kwenye ugomvi wa ukoo jiografia haina nafasi.) Haikupita saa, yule kijana akatoka kundini. Mama yake, anayekaa Mabela na ndiye aliyenisimulia kisa hiki kwa sharti nisitaje jina, alikaa siku kumi na moja bila ya kusemezana na wifi yake. Nyumba zao zinatazamana.

Msomaji wa Dar es Salaam keshaelewa tatizo liko wapi. Msomaji mwenye umri wa bibi yule huenda bado anajiuliza bata ana kosa gani.

Mjini Dar, na sasa hata Unguja na Mombasa, "kula bata" ni kustarehe: kutoka na marafiki, kutumia pesa bila ya kuhesabu, kukaa ufukweni mpaka usiku. Mtu wa namna hiyo ni "mla bata". Hapo hachinjwi ndege wala hapikwi mchuzi. Msemo umesambazwa na nyimbo za Bongo Fleva na mitandao ya simu, na kijana wa miaka ishirini anaweza kuutumia kutwa nzima asimkumbuke hata mara moja yule ndege wa majini. Lugha yetu imezoea kulitumikisha neno "kula" namna hiyo. Tunakula kiapo, tunakula njama, tunakula hasara, mzee amekula chumvi nyingi, na anayekwepa mtu njiani amekula kona. Katika hayo yote hakuna kinachoingia mdomoni. Kwa hivyo bata alipokaribishwa mezani alikuta wenzake wameshakaa.

Hebu sasa tuyafungue makamusi, maana bibi naye ana ushahidi wake. Edward Steere, askofu wa Kiingereza aliyekaa Unguja, alitoa kitabu chake cha mwongozo wa Kiswahili mwaka 1870. Bata yumo, na maana yake ni ndege tu. Yumo vilevile katika kamusi kubwa ya Krapf wa Mombasa, iliyochapwa 1882, mwaka mmoja baada ya mwenyewe kufa. Mwanzo wa karne ya 20 Madan akaongeza kwamba "kwenda batabata" ni kutembea kwa kuyumba kiuno kama bata, neno ambalo nasikitika limetupotea, kwa sababu linamwelezea mtu aliyetoka kwenye biriani la harusi kuliko neno lolote nilijualo. Hawa wote walisikia Kiswahili kilekile alichokulia bibi. Yeye aliondoka Unguja mwaka 1964, msichana, akapita Mombasa na Dubai, akaingia Oman baada ya 1970. Kiswahili alichotoka nacho ndicho alichowasomesha wanawe na wajukuu ndani ya nyumba. Bata kwake ni bata.

Na sisi wa Ghuba tuna haki ya kumdai huyu ndege. Neno limetoka kwa Waarabu, "batt", na mmoja wake ni "batta". Kiswahili kikalichukua, kikalilainisha, kikaliundia jamaa. Yupo bata bukini, na Bukini ni jina la zamani la Madagascar, kana kwamba kila bata mkubwa mwenye shingo ndefu alishuka jahazini kutoka huko. Yupo na bata mzinga. Mzinga ni gogo la nyuki, na mzinga pia ni wa kijeshi, ule unaopigwa Ramadhani wakati wa futari. Huyu ndege asili yake ni Amerika, lakini kila taifa limemsukumia jirani. Waingereza wamempa jina la Uturuki, Waturuki wenyewe wanamwita wa India, Wareno wamempeleka Peru, Wamisri wanasema "diki rumi", jogoo wa Rumi, na Walebanoni wanasema "habashi", yaani kwa Wahabeshi ndiko kwao. Wairaki ndio walionichekesha zaidi, wao wanamwita Ali Shishi, jina kamili la mtu.

Lakini mzinga nao umeingia mitaani. Dar es Salaam "kumpiga mtu mzinga" ni kumwomba pesa, hasa ukimvizia pale unapojua anazo. Nairobi "mzinga" ni chupa kubwa ya ulevi. Sasa mfikirie bibi wa Mabela anayeandika kundini, kwa nia safi, kwamba siku ya Idi anataka bata mzinga. Nusu ya wajukuu watasoma starehe na ombi la pesa katika neno moja. Na ukweli ni kwamba ule mchango wa ami, kwa lugha ya vijana, ulikuwa mzinga uliopigwa ukoo mzima.

Turudi Fairfield, maana mahali penyewe panachangia. Manispaa ya Fairfield ina watu zaidi ya laki mbili, na zaidi ya nusu yao wamezaliwa nje ya Australia. Kivietinamu, Kiarabu na Kiashuri ndizo lugha unazozisikia mitaani baada ya Kiingereza. Waashuri na Wakaldayo kutoka Iraki wamejaa hata watu wanapaita Iraki Ndogo. Wakati serikali ya Australia ilipotangaza Septemba 2015 kwamba itapokea watu 12,000 zaidi waliokimbia vita vya Syria na Iraki, wengi wao walipelekwa huko. Hapo hapo ndani ya manispaa kuna Cabramatta, mji wa Wavietinamu, ambako bata wa kuchoma wananing'inizwa shingo kwenye vioo vya maduka kama nguo kwa dobi. Kijana wetu kila akiteremka treni anapita mbele yao. Hawali, kwa sababu ya uchinjaji. Ila watoto wake walikuwa wakiwaona na kuwataka kila siku, na hilo tutalifikia.

Jirani yake ukutani ni Mwiraki. Siku za mwanzo walikuwa wakielewana kwa Kiarabu cha huku na Kiarabu cha kule, na kilichomshangaza kijana ni herufi moja. Sote tunajua Kiarabu fasihi hakina "p". Wazee wetu waliotoka bara Arabu wakaja Unguja walichekwa kwa hilo miaka mingi, na watoto waliozaliwa Maskati bado wanachekwa na binamu zao: "nimebata kazi", "naomba ubite". Ukisema "nimebata" mtu wa Dar anangoja umalizie umebata nini. Wairaki lakini wanayo "p" katika maneno yao ya kila siku. Kiazi, ambacho Mlebanoni anakiita "batata" na sisi Unguja tunakiita mbatata, Mwiraki anakiita "puteta". Waashuri, ambao lugha yao ni Kiaramu, "p" wanayo tangu zamani. Kwa hiyo mtoto wa Kiomani mwenye ulimi mzito wa "p" akienda Fairfield anaweza kufundishwa kusema "pata" na Mwiraki. Kwenye hili mimi sina la kuongeza.

Huyo jirani naye ana bata wake, na si wote wa kuchekea. Kwa Waarabu wengi "batta" ni neno la mapenzi kwa mtoto wa kike aliyenenepa vizuri, na "battat as-saq" ni ule mnofu wa nyuma ya mguu, chini ya goti. Baghdad lakini "batta" ilikuwa pia jina la mtaani la gari moja ya Toyota, na miaka ya 2006 na 2007, siku za mauaji ya kimadhehebu, watu waliiogopa kwa kuwa ilisemekana ndiyo wanayotembelea watekaji. Ukikaa na watu waliokimbia mambo hayo, uangalie unavyowatania. Neno lilelile ambalo Dar linaleta muziki na samaki wa kukaanga, kwa mtu wa Baghdad linaweza kumrudishia barabara tupu na gari inayopunguza mwendo mbele ya nyumba.

Watoto nao wanarudi skuli na bata wa tatu. Waaustralia wanapenda kriketi kama Wahindi, na mpigaji akitolewa bila ya kupata hata mkimbio mmoja wanasema amepata bata. Asili yake ni yai la bata, kwa kuwa sifuri imekaa kama yai. Akitolewa mpira wa kwanza tu, huyo ni bata wa dhahabu. Bata mashuhuri kuliko wote nchini mwao ni wa Donald Bradman, tarehe 14 Agosti 1948, uwanja wa The Oval, London. Ilikuwa mechi yake ya mwisho ya kimataifa, alihitaji mikimbio minne tu ili wastani wake wa maisha ufike 100, akatolewa kwa mpira wa pili na sifuri yake mkononi. Wastani ukabaki 99.94. Shirika la utangazaji la taifa, ABC, limechukua sanduku la posta namba 9994 kwa kumkumbuka. Miaka mingi televisheni yao moja ilikuwa ikionyesha katuni ya bata analia, kashika gongo lake, akitoka uwanjani. Sasa mtoto wa miaka tisa akimpigia bibi yake simu kutoka Fairfield na kusema kwa huzuni, "Bibi, leo skuli nimepata bata," jibu atakalopewa ni Alhamdulillahi. Na akisema amevunja bati, akikusudia lile gongo la kriketi, bibi atauliza la jikoni au la mbele, na mvua itawanyeshea vipi.

Hata majina ya miji ya huko yanacheza mchezo huo. Cabramatta inasemwa imetokana na maneno ya wenyeji wa asili, Wadarug: "cabra" ni funza wa majini anayelika, na "matta" ni pembe ya nchi iliyoingia majini. Waspanyola wa Amerika Kusini, ambao Fairfield wapo tangu miaka ya 1970, wakilisikia jina hilo wanasikia mbuzi, kwa sababu kwao "cabra" ndiye mbuzi jike. Parramatta ya jirani ni mahali pa mikunga, na timu yao ya raga inaitwa kwa samaki huyo mpaka leo. Hapo angalau mnyama na jina wamebaki pamoja.

Nimetaja mbuzi, basi nimalize naye. Kwetu mbuzi ni wawili na sarufi ndiyo inayowatenga. Mbuzi huyu analia, mbuzi hii inakuna nazi. Mama wa kijana yule alikwenda Fairfield kuwatazama wajukuu, akasema jikoni, "Nipeni mbuzi niikalie." Watoto wakatazamana. Nazi wao wanaijua ya mfuko, imekunwa na kugandishwa, ya dukani kwa Mvietinamu. Mbuzi wanayoijua wao ni ile ya mpira, yaani mchezaji bora kuliko wote, kwa vile herufi za mwanzo za sifa hiyo kwa Kiingereza zinafanya neno mbuzi, na washabiki wa Kiswahili nao sasa wanaandika "Messi ni mbuzi" bila ya kucheka. Mwalimu wangu wa zamani akikwita mbuzi ulikuwa unakwenda kulia chooni.

Na yuko punda, ambaye ningependa wazazi wa Ghuba wamtazame kwa makini kuliko hao wote. Zamani kuitwa punda ilikuwa ni kuchapa kazi au kutokuwa na akili. Leo katika magazeti ya Kiswahili punda ni yule anayebebeshwa madawa ya kulevya kupita nayo viwanja vya ndege, na mara nyingi ni kijana aliyeambiwa akamfikishie mtu mzigo mdogo tu. Binti yako akikwambia kwa mzaha kwamba rafiki amemfanya punda wa safari, usicheke kwanza. Uliza mzigo wa nani.

Sasa bata wa Jumapili.

Nilimpigia kijana simu. Alikuwa amekasirika bado, lakini kwa adabu, kama mtu aliyelelewa na bibi. Aliniambia kisa chote kwa dakika tatu. Watoto walikuwa wakiomba bata wa Cabramatta kila wanapopita, na yeye kila mara anawaambia hapana, hawajachinjwa vyetu. Mwisho akamwona bata mzima kwenye bucha la halali, akamnunua mmoja. Mmoja, alirudia. Kwa watu sita. Mkewe akamtia tui la mfuko na mbatata nyingi zijae sinia, jirani Mwiraki akaleta mkate, wakakaa uwani. Alipoandika "tunakula bata" alikuwa anaeleza kilicho mezani. Nikamuuliza kama msemo wa vijana hakuujua. Akasema kazaliwa Maskati, kasoma kwa Kiarabu, Kiswahili chake ni cha jikoni kwa bibi, Dar es Salaam amefika mara moja tu, siku nne, kwenye maziko. Alimwona binamu yake kama mtu aliyemtukana bila ya sababu. "Nilijiuliza, hivi bata ni ghali hivyo huko kwao?"

Binamu wa Dar naye, tuwe waadilifu, hakusoma vibaya. Kwa mtaa wake maneno yale yana maana moja tu, na picha ilikuwa na meza, watu wanacheka, na sinia lililofunikwa. Ndege hakuonekana. Angefunuliwa ile foili hata nusu, mambo yasingefika hapo. Tena ndiye aliyekuwa akilala hospitali na ami siku zile. Mtu aliyekaa usiku kucha kwenye kiti cha plastiki, akifungua simu alfajiri na kusoma "tunakula bata", sijui angesoma nini kingine. Wifi wa Mabela alikuwa na hoja hiyohiyo, na kwa hili niko upande wake kidogo.

Aliyemaliza ni bibi. Yeye siku zote hizo kumi na moja hakuwa anajua kwamba kuna ugomvi. Alichokuwa anangoja ni jibu la swali lake. Ijumaa akamuuliza mkwewe, mbona yule mtoto hajanijibu kama alimtia nazi. Ndipo akaelezwa. Akaelezwa na maana ya mjini, mara mbili, kwa sababu ya kwanza hakuisadiki. Kisha akaomba simu, akabonyeza pa kusemea, akapeleka ujumbe wa sauti kundini wa dakika nne. Mama wa kijana alinisikilizisha. Bibi hakumgombeza mtu. Alieleza bata anavyochinjwa, anavyotumbukizwa maji ya moto na kunyonyolewa, harufu yake inavyotolewa kwa ndimu na tangawizi, na kwamba mwaka gani Unguja marehemu mumewe alifuga mabata wanane wakaibiwa wote. Mwishoni, kama mtu aliyekumbuka, akasema: "Na wewe uliyoko Dari Salama, mpigie ndugu yako simu leo. Umwambie bibi kasema bata alikuwa bata."

Alimpigia. Hawakuzungumza sana, simu ya kwanza ilikuwa ya kuulizana hali na ya ami. Kijana akarudishwa kundini, na fungu lake akalipeleka kwa vipande viwili, cha pili baada ya zamu za ghala kurudi. Ami keshafanyiwa operesheni na anatembea kwa magongo. Mama na wifi yake wamerejea kupelekeana sahani. Binamu wa Dar kaahidi kwamba mtu wa Fairfield akija likizo atamtembeza, na safari hii neno lake atalitumia kwa maana ya huko.

Jumapili iliyofuata ikaingia picha nyingine kutoka Fairfield. Sinia limefunuliwa, limepigwa picha kwa juu, hakuna mtu ndani yake. Chini kijana kaandika: "Mbatata. Viazi vya kuchemsha. Si bata, si mzinga, hakuna mgeni." Bibi akauliza wametia bizari au wameviacha vyeupe.